Sauti ya Bibi wa Brazili

Kamwene, mama zangu. Mkinisikia nakwaruza msidhani ni mafua. Ndiyo sauti yangu siku hizi, na leo nimesimama hapa Ipogolo kumshukuru Mungu kwa ajili yake.

Wengi mnanijua kama mkwe wa mama yule aliyekaa mbele. Kazi yangu ilikuwa Mbeya, pale Soweto, studio ya kuingiza Kiswahili kwenye filamu za nje. Kulikuwa na mwigizaji mmoja wa Brazili. Mimi ndiye niliyemsemea. Nilianza naye akiwa binti, anaigiza mtumishi wa ndani. Maneno yake yote yalikuwa "Abee, bosi," basi. Nikapanda naye: akawa mchumba, akawa mke, akawa mwenye nyumba. Hatujawahi kuonana, lakini nawaambieni, nilijua anavyovuta pumzi kabla ya kusema uongo.

Kisha goita ikanivimba shingoni. Nikapasuliwa salama, ila nilipoamka sauti haikutoka. Ilipokuja, ikaja hii. Studio wakampa binti mwingine nafasi yangu, nami nikaja huku kwa mama mkwe, nikanyamaza. Ndugu zangu, ukinisalimia naitikia kwa kichwa! Niliona aibu.

Sasa, mama mkwe ana mtoto wa jicho. Jioni moja tamthilia ya yule dada wa Brazili ikaanza, akaniuliza, "Mwanangu, mimi naona mwanga tu. Anafanya nini huyo?"

Kimya.

"Analia au anacheka?"

Akanipapasa mkono. "Wewe huna sauti, mimi sina macho. Tukikaa hivi, nani atajua kilichotokea?"

Nililia, mama zangu. Halafu nikasema, "Anakunja shuka, mama. Mume kaondoka." Sauti ilitoka kama msumeno wa kupasulia mbao kule Mafinga! Akacheka mpaka akajifuta machozi. "Ehee! Endelea!"

Nikaendelea, jioni baada ya jioni. Majirani wakaanza kuja na vigoda vyao.

Kumbe huko Brazili naye amezeeka. Mwenzangu wa studio akanipigia: filamu mpya ameigiza bibi mjane, na sauti laini ya yule binti haimkai. Niliogopa. Mama mkwe akasema, "Nenda. Wakikukataa, si utarudi kwangu?" Nikapanda basi. Nilisoma ukurasa mmoja tu, msimamizi akasema, "Bibi mwenyewe kafika."

Filamu ilipoonyeshwa nikaanza kumsimulia mama kama kawaida. Akanigusa goti: "Hebu nyamaza, mwanangu. Namsikiliza bibi."

Asante daktari, asante mwenzangu uliyenikumbuka, asanteni majirani. Na wewe mama, uliyenizaa mara ya pili, asante sana.

Nawaomba jambo moja. Kama kuna mwenzetu amejifungia ndani kwa aibu ya ugonjwa, msiende kumpa pole tu. Nendeni na shida yenu, mkamwombe awasaidie.