Suhail Nyange na Picha ya Bi Time

Leo, Jumamosi tarehe 14 Juni 2025, Suhail Nyange wa Vitongoji, Pemba, anastaafu baada ya miaka thelathini na moja ya kupiga picha za filamu. Amefanya kazi Dakar, Mumbai, Lisbon na kwengineko, miji ambayo sisi nyumbani tuliijua kwa zawadi tu.

Mimi ni Nusaiba, mtoto wa dada yake. Kusema mbele ya watu siwezi, ndiyo maana nimepewa kuandika.

Wenzake wa Lisbon wametuletea kisa. Walikuwa milimani, theluji inaanguka, mjomba akatoa begini kanga ya mama yake akaifunika kamera, huku mwenyewe anatetemeka. Muongozaji akamuuliza mbona hajifuniki yeye. "Mie nikiugua ntapona," akajibu.

Amepiga picha za mama wa watu wengi. Wake mwenyewe, Bi Time, hakuwahi. Kila likizo alisema safari ijayo.

Mwaka jana daktari alimwambia ana presha ya macho, na nuru iliyopotea hairudi. Akaja Pemba na kamera yake. Wiki ile ile baba yake, Mzee Nyange, akafariki, na Bi Time akakaa eda. Mjomba alipoomba kumpiga picha, alikataa.

"Mie na eda yangu, walimwengu wanione? Ngoja ishe, mwanangu."

Mjomba angemwambia habari ya macho, pengine bibi angekubali. Hakumwambia. Alisema mama ana msiba mmoja, hatamuongezea wa pili. Akangoja miezi minne na siku kumi, anajigonga milangoni, na sisi mbele ya bibi tunasingizia taa.

Eda ikaisha. Bi Time akajifukiza udi, akavaa kanga mpya, akakaa barazani. Mjomba akapiga picha. Tulipoitazama, minazi ya nyuma ilikuwa safi, kila kuti linahesabika. Uso wa bibi ulikuwa moshi.

Tukapokezana kamera sote.

"Uso haumo, sio?" mjomba akauliza.

"Haumo, mjomba."

"Basi waonesheni hivyo hivyo. Ndivyo ninavyomuona."

Picha hiyo mtaiona leo kwenye skrini baada ya dua. Tafadhali msimwite fundi. Mtambo ni mzima.

Nimetafuta neno la faraja katika lugha zote mbili ninazosomea, sikulipata. Mjomba, ahsante kwa kazi yako. Tunakuombea heri katika siku zilizobaki. Bi Time atakaa ubavuni mwako. Ukitaka kujua yuko wapi, sikiliza tu. Hanyamazi.