Sauti ya Eufrasia na Viti Tulivyoondoka Navyo

Mgeni rasmi, mwongozaji wa filamu na mwandishi wetu Don Evaristo Lanuza; Bi Meya; Padri; na wakazi wenzetu mliokuja na viti vyenu:

KARIBU

Karibu tena Valdejara. Umekawia, lakini mgeni hafukuzwi kwa kuchelewa. Makombo ya mkate, chakula chetu cha wachungaji, yanakaangwa pamoja na soseji, divai ipo, na leo hakuna wa kukununia.

HISTORIA

Ulikuja kijana mwembamba, hujatengeneza filamu hata moja. Ukatuchukua sisi wachungaji tuigize wachungaji. Eufrasia, ambaye akiita mbuzi kilimani alisikika hadi mtoni, ukampa nafasi ya mama.

Kiangazi kilichofuata uliileta filamu hapa uwanjani. Kama ada yetu, kila mtu alibeba kiti chake kutoka nyumbani. Eufrasia akafumbua mdomo kwenye turubai la kuonyeshea, ikatoka sauti laini ya mwigizaji wa mjini. Fermín mwoka mikate akasimama: "Huyo si Eufrasia. Huyo ni mama wa Madrid kavaa mdomo wake."

Tukabeba viti, tukakuacha peke yako na mashine inazunguka. Eufrasia alisema tu, "Kumbe sauti yangu inanuka mbuzi." Tangu hapo mbuzi aliwapigia mluzi. Baridi ilipoingia, homa ya mapafu ikamchukua, akaacha binti wa kunyonya.

MAFANIKIO

Yako tumeyafuatilia: filamu, tuzo, kisha vitabu ulipoiweka kamera chini. Tulijivuna kimyakimya. Yetu ni barabara ya lami, na vijana wameondokea hiyohiyo.

CHANGAMOTO

Tunajuta. Kitabu chako cha mwisho ndicho kilichotujulisha kuwa wenye fedha za filamu ndio waliobadilisha sauti, na wewe ulipinga. Siku ile hatukukuuliza. Hasira hasara. Nawe hukurudi kutueleza, Don Evaristo; hilo nalo tulikuwa nalo moyoni.

OMBI

Ni moja. Umeandika kwamba kanda za sauti zilizorekodiwa hapa bado unazo. Tunaomba sauti ya Eufrasia irudi mdomoni mwake, na filamu ionyeshwe papa hapa. Binti yake hajawahi kuisikia. Kila siku anaambiwa, "Una sauti ya mama yako wewe," naye hana pa kuilinganisha. Ndiye anayekusomea risala hii.

Bikira wa Theluji, mlinzi wa kijiji chetu, akuongezee siku, na macho yako yasichoke. Viti tumevileta. Safari hii tutakaa.

Ni sisi, wakazi wa Valdejara tuliobaki.