Tabasamu la Mwalimu Sekela Mwaipaja

Baba Mchungaji, viongozi wa mtaa wetu, walimu, majirani, ndugu na marafiki mliokusanyika hapa nyumbani Gongo la Mboto, mie ni Gibson Mwaipaja, kaka mkubwa wa marehemu, na familia zote mbili, ya Mwaipaja na ya Rweyongeza, zimenituma niwasomee maisha ya mdogo wangu, nami nawaomba mnivumilie pale sauti itakapogoma.

Marehemu Sekela alizaliwa tarehe 14 Mei 1981 huko Tukuyu, wilayani Rungwe, akiwa mtoto wa tatu wa marehemu Mzee Ambilikile Mwaipaja na mama yetu, Bi Tusajigwe, ambaye yupo nasi hapa mbele. Alikuwa mtoto wa kucheka, hata akichapwa alikuwa akicheka katikati ya kilio, na mama alishindwa kuendelea kumchapa kwa sababu naye alianza kucheka.

Alisoma shule ya msingi kuanzia mwaka 1989 hadi 1995 na sekondari hadi mwaka 1999, zote huko huko Rungwe, kisha akajiunga na chuo cha ualimu Mbeya, akahitimu mwaka 2002. Januari 2003 aliajiriwa kuwa mwalimu wa shule ya msingi hapa Gongo la Mboto, akapewa darasa la kwanza, akakataa kulihama kwa miaka yote iliyofuata, akisema kwamba hakuna furaha inayozidi ya mtoto aliyesoma jina lake mwenyewe kwa mara ya kwanza.

Mwaka 2004 alienda Keko kuagiza meza ya kusahihishia madaftari, akakutana na fundi samani, Bwana Erasmus Rweyongeza, ambaye ndiye mgane wake leo. Meza ilichelewa sana, na Sekela alipofoka, Erasmus akamjibu, "Mwalimu, nikiimaliza hutarudi tena hapa, sasa mie nina haraka ya nini?" Meza hiyo ipo sebuleni, mguu mmoja ni mfupi mpaka leo.

Juni 2005 Erasmus alimpeleka Kinondoni kwa mama yake, Mama Avelina, mwenyeji wa Muleba, karani mstaafu, mama anayependa nidhamu kama mnavyomjua. Siku ile Sekela alisalimia shikamoo kwa sauti ya puani, alikaa mezani huku kope zimemshukia, alitafuna nyama kidogo kisha akashika kidevu kwa mkono kana kwamba amechoshwa na chakula, na kila Mama Avelina alipotia neno la utani, Sekela alijaribu kutabasamu, midomo ikapinda vibaya. Walipokuwa wakiondoka, mama alimwita mwanaye pembeni akamwambia, "Huyo binti ananibetulia mdomo, Erasmus. Nimempakulia kwa mikono yangu, yeye anasinzia na kunibetulia mdomo. Kwangu hapana." Posa ikasimama.

Ndugu waombolezaji, mdogo wangu hakuwa akimbetulia mtu mdomo. Ugonjwa ulikuwa umeshaanza miezi kadhaa nyuma, ila ulikuwa ugonjwa wa ajabu, kwa sababu asubuhi aliamka mzima, akafundisha na kuimba na watoto, na ikifika mchana kope zilianguka, shingo ikashindwa kubeba kichwa, maneno yakawa mazito mdomoni. Shuleni ilisemwa kwamba mwalimu anakunywa, mtaani ilisemwa kwamba amerogwa, kwingine alipewa miwani, kwingine akaambiwa apumzike, na kwa kuwa akipumzika alipata nafuu kweli, wengi wakaamini anajifanya. Erasmus peke yake hakuuliza kama ni kweli, alimchongea kiti kirefu chenye pa kuegemeza kichwa, akakibeba mwenyewe kutoka Keko hadi darasani.

Februari 2006 Sekela alipaliwa na chai, ikatokea puani, akashindwa kupumua vizuri, akalazwa. Mama Avelina alifika wodini pamoja na mwanaye, na mwenyewe ameniruhusu niseme hapa kwamba alifika ili asije kusemwa kuwa hakufika. Alimkuta Daktari Munira, bingwa wa magonjwa ya mishipa ya fahamu, ameketi kitandani kwa Sekela, anamwambia atazame juu bila kupepesa, na kope zikawa zinashuka taratibu kama pazia.

Daktari alimchoma sindano ya dawa iitwayo neostigmini, pamoja na kiasi kidogo cha atropini ili moyo na tumbo visisumbuke, akawaomba wasubiri. Haikupita nusu saa, kope zikapanda, Sekela akainua shingo, akawatazama wote kwa macho makubwa ambayo sie wa Tukuyu tulikuwa tunayajua, kisha akamgeukia Mama Avelina akasema kwa sauti safi, "Shikamoo mama," akatabasamu. Mama Avelina alikaa chini kwenye kitanda cha mgonjwa wa pili, akafunika uso kwa kitenge, na baadaye akasema, "Mwanangu, kumbe siku ile ulikuwa unanichekea?" Sekela akamjibu, "Nilikuwa nacheka sana mama, uso ndio ulikataa."

Daktari Munira aliwaeleza kwa lugha ya kawaida, nami narudia kwa sababu watu wengi hapa waliwahi kuniuliza. Alisema kwamba mshipa wa fahamu ukitaka msuli ufanye kazi, hutoa kemikali iitwayo asetilikolini, ambayo hufika kwenye msuli na kupokelewa mahali pake maalumu, na ikishapokelewa huvunjwa haraka ili msuli usibaki umekaza. Kwa Sekela, kinga ya mwili ilikuwa imekosea, ikaziba na kuharibu sehemu hizo za kupokelea, hivyo ujumbe ulitumwa na msuli haukuupata, na kadiri siku ilivyosonga ndivyo alivyozidi kuishiwa. Dawa hainyooshi kinga iliyokosea, inazuia tu asetilikolini isivunjwe upesi, ikae muda mrefu kidogo, ili hata sehemu chache zilizobaki zipate kuipokea. Mama Avelina alisikiliza, akauliza swali moja tu, "Kwa hiyo hana uvivu?" Daktari akasema, "Mama, huyu anafanya bidii kuliko sisi sote humu ndani, hata kufumbua macho kwake ni kazi."

Tangu hapo Sekela aliishi kwa vidonge vya pairidostigmini, pamoja na dawa za kutuliza kinga, na mwaka 2007 alifanyiwa upasuaji wa kuondoa tezi ya kifuani iliyokuwa ikiichochea kinga hiyo. Vidonge vilikuwa na adabu yake, vikipungua alilegea, vikizidi vilimletea mate, machozi na tumbo la kukata, na kuzidi sana kungeweza kumlegeza upya. Mama Avelina alijifunza mambo hayo yote, akawa ndiye anayemkumbusha, na kama kuna nyama ya kutafuna mezani, alihakikisha kidonge kimetangulia mapema, akisema, "Nyama ya machinjio ya Vingunguti haina huruma, mpe mwanangu dawa kwanza."

Posa iliyosimama alikuja kuifungua mama mwenyewe, na tarehe 6 Septemba 2008 Sekela na Erasmus walifunga ndoa takatifu. Mungu akawajalia watoto wawili. Asifiwe alizaliwa tarehe 11 Machi 2010, akawa mlegevu, ananyonya kwa shida na kulia kwa sauti nyembamba, tukaogopa sana, lakini Daktari Munira akatueleza kuwa ni kinga ya mama iliyovuka kwenda kwa mtoto na kwamba itaisha, ikaisha baada ya wiki chache, na leo Asifiwe akiita mtu kutoka jikoni, jirani wa nyumba ya tatu anaitika. Revelian, aliyepewa jina la babu yake mzaa baba, alizaliwa tarehe 2 Agosti 2014, mzima kabisa.

Mwaka 2016 vidonge vilikosekana mjini, tukazunguka kila duka la dawa bila mafanikio, Sekela akaanza kumeza nusu nusu na kunyamaza ili asichoke. Jirani yetu Mzee Masoud, mwenye duka la vifaa vya ujenzi, alipoona mwalimu hatoki nje, aliuliza, akampigia simu binti yake Malak aliyeko Maskati, naye akaenda duka la dawa la huko na maelezo ya daktari, akavipata, vikaletwa na msafiri. Bi Bahiya, mke wa Mzee Masoud, alivileta mwenyewe mlangoni akisema, "Mwalimu amewafundisha wanangu wote kusoma, leo ndiyo tunaulizana shukrani?"

Mwaka 2021 alipata habari za binti fundi cherehani wa Vingunguti, Nusaiba, aliyeambiwa anajifanya mgonjwa. Sekela alimfuata, akamtazama kope tu, akamshika mkono akampeleka hospitali, akakutwa na ugonjwa huo huo, na tangu hapo wakawa kama dada na mdogo wake.

Mwanzoni mwa Oktoba 2025 Sekela alipata homa na kikohozi, ikathibitika kuwa ni nimonia, nayo ikaudhoofisha mwili ambao misuli yake ya kupumua ilikuwa na akiba ndogo, akahamishiwa wodi ya uangalizi maalumu na kuwekewa mashine ya kupumulia. Hakuweza kuzungumza wala kufumbua macho, na sie tukadhani amelala. Muuguzi akatuambia, "Jamani, hajalala, anasikia kila kitu, ni kope tu ndizo hazinyanyuki." Ndipo Mama Avelina, kwa umri wake wa miaka themanini na tatu, akasimama karibu na kitanda, akamnyanyua kope kwa kidole chake polepole, akamwambia, "Tazama mwanangu, Erasmus huyu hapa." Akamwonyesha Asifiwe, akamwonyesha Revelian, akamwonyesha mama yetu, akaendelea kuzishikilia mpaka Sekela alipomwona kila mmoja, na machozi yalimtoka Sekela pembeni ya jicho, yakalowesha kidole cha Mama Avelina. Sekela aliitwa na Bwana siku hiyo hiyo, Jumapili tarehe 19 Oktoba 2025, saa tano asubuhi.

Familia inamshukuru Daktari Munira na madaktari na wauguzi wote waliomtunza kwa miaka kumi na tisa, tunawashukuru walimu wenzake waliochukua vipindi vyake vya mchana bila kunung'unika, Mzee Masoud, Bi Bahiya na Malak, kanisa, pamoja na majirani waliopika na kukesha nasi. Akiba ya vidonge iliyobaki tumeikabidhi kwa daktari, naye ameridhia itumiwe na Nusaiba, ambaye amekaa kule nyuma na anajificha, na Mama Avelina ameniagiza niseme mbele yenu wote, "Binti yangu, njoo ukae hapa pembeni yangu."

Sekela, mdogo wangu, umefanya kazi ya kutosha, sasa pumzika kwa amani.