Plagi Iliyokuwa Mfukoni Mwangu

Waombolezaji wenzetu mliofika hapa Didia kutoka karibu na mbali, mimi ni Valerian, kaka wa mjane, nimepewa na ukoo jukumu la kuwasomea maisha ya shemeji yangu, marehemu Otakar Zelinka, ambaye wengi mlimjua kama Baba Limi, na naomba mnivumilie, maana sehemu inayohusu kazi yake nimeiandika mara mbili.

Marehemu alizaliwa tarehe 14 Machi 1931, mjini Olomouc, nchi ya Chekoslovakia, akiwa mtoto wa tatu wa muoka mikate, akasoma huko huko hadi 1950, kisha akajiunga na chuo cha filamu mjini Praha, alikohitimu mwaka 1956.

Kuhusu kazi, siku ya posa niliwaambia wazee wetu kwamba mkwe ni injinia wa mitambo, na ndivyo mlivyojua mpaka asubuhi hii. Ukweli ni kwamba alikuwa mtunzi na mwongozaji wa filamu za kuchekesha, alitengeneza saba, mpaka mwaka 1970 wakubwa wa kwao walipojiona katika ile ya saba, wakampiga marufuku, akajifunza ufundi wa jenereta ili apate kula, na ufundi huo ndio uliomleta Kahama mwaka 1990, akihudumia jenereta za wachimba dhahabu hadi Geita. Niliona aibu kusema dada yangu anaolewa na mtu wa kuchekesha watu.

Alifunga ndoa na dada yangu Lusia tarehe 8 Agosti 1992, kanisani Kahama, wakaishi Nyasubi, wakajaliwa mtoto mmoja, Limi, aliyezaliwa tarehe 2 Mei 1993.

Tarehe 26 Desemba 1995 aliwaalika katika uwanja huu huu kuona ile filamu ya saba, aliyotumiwa na rafiki zake kwa kanda ya video, akaahidi kututafsiria mwenyewe, televisheni tukaazima kwa Bwana Hasnain wa Kahama, mabenchi yakapangwa, nami, nikiogopa uongo wangu utajulikana, nikachomoa plagi ya kuwashia injini ya jenereta nikaitia mfukoni. Aliinama, akaona plagi haipo, akautazama mfuko wa koti langu, kisha akawatangazia kwamba injinia ameshindwa, mkamcheka, mkatawanyika, na hakuniuliza kamwe, jambo lililoniumiza kuliko kama angenitukana.

Julai 1997 aligundulika kuwa na kansa ya mapafu, akalazwa Mwanza, nikakaa kando ya kitanda chake siku kumi na moja nikishindwa kuomba radhi, hadi aliponirahisishia mwenyewe, akasema, "Shemeji, kwenye historia yangu usiniandike injinia, mimi nilikuwa nachekesha watu." Alifariki tarehe 19 Septemba 1997, saa tatu asubuhi.

Familia inawashukuru madaktari na wauguzi wa Mwanza, majirani wa Nyasubi, mafundi wenzake wa Kharumwa na Geita, na Bwana Hasnain, aliyetuazima tena televisheni ile ile bila kuuliza sababu. Tukitoka makaburini msitawanyike, mabenchi yatapangwa upya, plagi hii hapa, nitairudisha mimi mwenyewe, wa kututafsiria hatunaye tena na kosa hilo ni langu, na atakayeona haya kucheka msibani, basi aanze kwa kunicheka mimi.

Pumzika kwa amani, shemeji, mchekeshaji wetu.