Albamu Iliyokataa Kuchuja

Mheshimiwa mgeni rasmi, wakuu wa hospitali, wanamuziki wenzangu, ndugu wageni waalikwa:

Jenereta la wodi ya wazazi limekufa tena. Amesema hivyo asubuhi ya leo muuguzi mkuu, aliyeketi pale safu ya pili, na hakuna aliyembishia.

Nimeitwa, mimi mwimbaji wa bendi ya roki, nieleze kwa nini albamu yetu bado inapendwa baada ya miaka thelathini. Mshereheshaji amesema haijachuja. Akausifu hasa mwanzo wa wimbo wa kwanza: zile ngoma nzito zinazokwama, zinaanza upya, zinakwama tena. Mkapiga makofi.

Ndugu zangu, zile si ngoma. Ni jenereta la wodi hiyohiyo.

Mke wa mpiga ngoma wetu alikuwa akijifungua, umeme ukakatika, jenereta likagoma kuwaka. Mtoto alipona, mama alifia gizani. Wiki iliyofuata tuliingia uani mwa hospitali na kinasa sauti, tukalirekodi huku fundi akihangaika nalo. Studio nikamwambia mwenzangu, “Kaka, sasa weka ngoma juu yake.” Akaziweka fimbo chini.

“Acha lenyewe lipige. Wakubwa wakilisikia wataona haya, watanunua jingine.”

Wakubwa walilisikia. Wakalicheza kwenye harusi za watoto wao.

Je, tuliimba ili tudumu? Nani anaombea kilio chake kidumu? Tuliutaka wimbo huu uchakae, usahaulike, vijana wauone wa kizamani na watucheke. Umeshindwa kuchakaa, na sisi tumeshindwa pamoja nao. Hayo ndiyo mafanikio mnayoyasherehekea leo.

Mtoto aliyepona siku ile ndiye binti huyu hapa kando ya baba yake, tumbo mbele. Alinishika mkono mlangoni.

“Baba mdogo, leo msiupige.”

“Mama, watu si wameujia huo?”

“Nyie mnazeeka, wimbo hauzeeki. Si bora ungezeeka wimbo?”

Nikaenda kuwaambia wenzangu wasifungue vyombo.

Mheshimiwa, ngao mliyotupa ni nzuri, tutaitundika studio. Ila wimbo hatuupigi. Anayetaka kuusikia aende uani, wakati wanajaribu kuliwasha jenereta.

Nawashukuru kwa utulivu wenu. Kwa mujibu wa muuguzi mkuu, fundi amepangiwa kuja Jumatano. Binti yetu analazwa wodi hiyohiyo Jumatatu.