Mama Jumasita, Aliyeipa Kwetukule Siku ya Nane

Jirani yetu muuza mitungi ya gesi, ambaye yupo hapa na ameniruhusu nisome haya mbele yake, ndiye aliyeanza kuwaambia watu kwamba Mama Jumasita ana kalenda ya majini. Aliiona ukutani saluni, wiki ina siku nane, mwaka una miezi tisa, halafu majina ya watu humo ndani. Akatoka mbio. Kufika jioni mtaa mzima ulishajua kwamba kila aliyeandikwa pale atakufa siku aliyoandikiwa. Leo tunamzika mwenye kalenda, na sisi wa nyumbani kwake tunataka ijulikane ilikuwa kitu gani, kwa sababu tunajivunia.

Marehemu alizaliwa Alhamisi, tarehe 8 Agosti 1957, akiwa mtoto wa tatu wa baba seremala na mama mfua nguo. Alianza shule Januari 1965. Alipokuwa darasa la pili mwalimu alimsimamisha ataje siku za wiki. Alianza vizuri kabisa, Jumamosi, Jumapili, Jumatatu, Jumanne, Jumatano, kisha kwa sauti kubwa ya mtu asiye na wasiwasi akasema, "Jumasita!" Darasa zima lilivunjika mbavu.

"Hiyo Jumasita umeitoa wapi wewe?" mwalimu akauliza.

"Si ndiyo inayofuata, mwalimu?"

Jina likamganda hapo hapo. Mwingine angelia. Yeye alipoitwa Jumasita aliitika, akaitika mpaka wachokozi wakachoka. Alimaliza darasa la saba mwaka 1971.

Kusuka alifundishwa na shangazi yake, kwenye kibaraza, kuanzia mwaka 1973. Mkono wake ulikuwa mwepesi na mistari yake ilinyooka, na maharusi walianza kumfuata yeye wakimpita shangazi amekaa. Mteja akimsumbua alimwambia, "Njoo Jumasita," na wengi walielewa siku hiyo haipo, wakaenda zao. Hakuelewa kijana mmoja fundi bomba, aliyekuja kurekebisha koki akakaa siku tatu kwenye koki moja. Alipomwambia habari ya kumuoa, alipewa jibu lile lile, njoo Jumasita. Alhamisi asubuhi huyo hapo, shati limepigwa pasi.

"Dada, Jumatano ilikuwa jana," akasema. "Nimehesabu. Leo ndiyo sita."

Mama alituambia alibaki anacheka na chanuo mkononi. Walifunga ndoa tarehe 20 Desemba 1980, wakajaliwa watoto watatu. Baba, tunakuona hapo mbele, na tunakushukuru kwa kutojua kufukuzwa.

Saluni yake mwenyewe aliifungua tarehe 3 Machi 1984, chumba kimoja, kioo kimoja na viti viwili. Watoto walikuwa wakilia wakichanwa. Ili watulie, akaanza kuwasimulia nchi aliyoiita Kwetukule. Kule, kati ya Jumatano na Alhamisi kuna Jumasita, siku ya kumalizia yaliyokushinda, na siku hiyo ni marufuku mtu kumcheka mwenzake. Wiki tano za siku nane ni mwezi, na miezi yake ni tisa, kwa hatua za kusuka nywele: Fumua, Osha, Kausha, Chana, Gawa, Suka, Choma, Chovya na Tazama. Mwezi wa Fumua watu wa Kwetukule husema ugomvi wao wote ukaisha. Mwezi wa Chana ndio wa machozi. Mwezi wa Tazama hakuna kazi, ni kutembeleana na kusifiana tu. Mwisho zinabaki siku tano zisizo za mwezi wowote, siku za mlangoni, na humo mwaka hupewa jina la jambo lililotokea. Mwaka usiopewa jina haufungi mlango, na mpya hauwezi kuingia.

Kila mwaka aliichora upya, nyuma ya boksi za rasta. Yale majina yaliyomtisha jirani yalikuwa ya watoto waliozaliwa mtaani, kila mmoja kwenye siku yake. Jirani alipokuja kuuliza kwa kujikaza, "Mama, na mimi nimepangiwa lini?" alijibiwa, "Wewe nimekuweka Fumua, baba, maana kazi yako kufumua ya watu." Siku hizi saluni za wanafunzi wake nazo zinaitundika, na wapo wasichana mtaani hapa waliojua Suka na Choma kabla ya Aprili na Mei.

Mimi niliolewa na mwanawe wa mwisho mwaka 2021. Mwaka ule aliuita Mwaka wa Mkwe Anayetazama. "Hasemi huyu," aliwaambia wateja, "lakini hakuna kinachompita."

Ugonjwa wa figo ulimwanza Juni 2023. Mikono ilivimba, chanuo likawa linamponyoka. Aliendelea kukaa saluni, akiwaelekeza wasichana kwa mdomo, na kwa mdomo hakuwa mpole. Daktari alipotuambia hali imefika pabaya, Mama alichouliza ni kama atazifikia siku za mlangoni. Kufa hakukumtisha. Aliogopa mwaka ubaki wazi, na Kwetukule iishe naye. Alifariki Jumatano, tarehe 12 Februari 2025, saa tisa alasiri. Zilikuwa zimebaki wiki mbili siku hizo za mlangoni zifike.

Ameacha mume, watoto watatu, wakwe wawili, wajukuu watano, kaka mmoja, na wanafunzi wake wote wanaosuka kwa mkono wake. Mungu aipokee mikono yake, sasa ipumzike.

Kabla hajafa, siku ya Jumatatu, shemeji yangu mkubwa alisema tumeshaafikiana, huu ni Mwaka wa Mama. Mama akageuza uso ukutani. Wengine walipotoka aliniita. Nilikuwa nampakata mwanangu, akamshika mguu akawa anauchezea.

"Mwanangu," akasema, "jina utoe wewe. Usikubali waupe mwaka jina la kitanda hiki. Nimeumwa, ndiyo, lakini na kuishi tumeishi humo humo. Wewe unatazama. Litafute, uliandike kwa herufi kubwa, halafu uwafungulie Fumua."