Mkungu wa Waziri Aliyetenguliwa

Bajaji ya kwenda Kinyala ilipoondoka Tukuyu, mkungu wa ndizi ulikaa kati ya Mwalimu Ndalahwa na Bibi Esnath kama abiria wa tatu. Bibi alisema anampelekea waziri.

"Si ametenguliwa juzi, bibi? Amerudi kwao hana cheo."

"Ndiyo maana naenda leo, mwalimu. Akiwa na walinzi nani angenipitisha? Alianza askari wa lindo, akafika uwaziri, akawasaka wale wa mapanga mpaka sasa tunakwenda sokoni alfajiri bila kuviziwa. Bado sijamwambia ndaga, asante ya kwetu."

Mwalimu naye alijua kushukuru, ila si kwa hilo. "Kwenye msako huohuo walimzoa mdogo wangu kwa sababu ya rasta zake tu. Alikaa mahabusu miezi mitano, hana kosa."

Bajaji iliposimama, Bibi alitoa kisu kikapuni, akakata chana la juu, lile kubwa kuliko yote, akamwekea mwalimu mapajani.

"Hilo la mdogo wako," alisema. "Mzee nitamweleza mwenyewe kwa nini mkungu wake umepungua."